Usiku wa Novemba 21, Beijing

Ndugu zangu, mapinduzi ya China tumezoea kuyasimulia kwa habari za majeshi na mashamba. Jioni hii naomba tuingie vichochoroni, kusini mwa lango la Qianmen, Beijing, mahali palipoitwa Bada Hutong, yaani Vichochoro Vinane Vikuu.

Zamani matajiri na wakubwa wa serikali walikwenda huko kunywa chai na kusikiliza nyimbo. Kufikia 1949 mtaa ulikuwa umechakaa. Madanguro yalikuwa na madaraja, na katika yale ya chini mwanamke alikuwa na kichumba chenye kitanda cha matofali kinachopashwa moto kwa chini. Hapo alilala, hapo alipokea wateja, hapo aliugua. Wengi waliuzwa au kuwekwa rehani na jamaa zao kwa njaa na madeni. Na yule bibi mwenye danguro, aliyeshika deni lake, ndiye ambaye mwanamke huyo alimwita "mama". Neno hilo linaniuma kila nikilitamka katika habari hii.

Tarehe 21 Novemba 1949 baraza la wawakilishi wa jiji liliazimia kuyafunga madanguro yote. Hawakungoja kesho. Usiku uleule polisi na makada wapatao 2,400 walitawanyika mjini, na kulipopambazuka madanguro 224 yalikuwa yamefungwa, wanawake zaidi ya 1,200 wamechukuliwa.

Mngedhani walishangilia. Wengi walilia. Wenye madanguro walikwisha kuwatia hofu juu ya Wakomunisti, na mtu aliyewahi kuuzwa, akija kuchukuliwa tena usiku, afikiri nini? Tena walipelekwa Hanjiatan, mojawapo ya vichochoro vilevile, wala hawakuwa na ruhusa ya kutoka.

Kilichowalainisha, naamini, si hotuba, ni sindano. Karibu wote walikuwa na magonjwa ya zinaa, wakatibiwa kwa penisilini, dawa adimu na ghali siku zile. Madeni yakafutwa. Wakafundishwa kusoma na kushona.

Naunga mkono kufungwa kwa nyumba zile bila kusita. Ila njia za kutoka Hanjiatan zilikuwa chache: kurudi kwenu, kuolewa, au kwenda kiwandani. Na wapo waliouzwa wangali wadogo, wasijue kwao ni wapi. Hebu mfikirieni mmoja wao darasani: lile jina la danguroni ameambiwa aliache, kalamu iko mkononi, anaulizwa jina la ukoo wake, naye hana la kuandika.