Ruhusa Ikae Karibu na Mzigo: Kazi ya Mbali katika Ugavi wa Nyanda za Juu Kusini

(Mhadhara uliotolewa jijini Mbeya mbele ya wanafunzi na watendaji wa ununuzi na ugavi)

Ndugu Mwenyekiti, ndugu wahadhiri, wanafunzi, na ndugu zangu mliotoka kwenye maghala, forodha na kampuni za usafirishaji, asanteni kwa kunikaribisha.

Nimeombwa nizungumzie kazi ya mbali na kazi mseto katika sekta ya ugavi, yaani utaratibu wa mtumishi kufanya kazi akiwa nyumbani au popote penye intaneti, kwa siku zote au baadhi ya siku. Mjadala huu kwa kawaida huanza na swali la nani aruhusiwe kubaki nyumbani. Katika fani yetu naona swali hilo linapaswa kusubiri. La kuanza nalo ni hili: katika safari nzima ya mzigo, ni wapi ambapo lazima awepo mtu anayeuona mzigo kwa macho yake na mwenye mamlaka ya kuamua papo hapo? Tukishakubaliana juu ya hilo, suala la nani akae wapi halitatupa shida kubwa.

Sisi wa Nyanda za Juu Kusini tuna sababu ya kulitazama jambo hili tofauti na wenzetu wa Dar es Salaam. Kwao, kazi ya mbali maana yake ni mtumishi wa Kimara au Mbagala kuepuka foleni ya kwenda mjini. Kwetu sisi, ofisi kuu ndiyo iliyo mbali tangu mwanzo. Mbeya iko zaidi ya kilomita 800 kwa barabara kutoka bandarini, na Tunduma iko mbele zaidi. Reli ya TAZARA, yenye urefu wa kilomita 1,860 hadi New Kapiri Mposhi nchini Zambia, imepita hapa tangu miaka ya 1970, na kwa miaka yote hiyo matawi ya huku yamekuwa yakiongozwa na watu wasioyaona, kwanza kwa barua na simu za mezani, kisha kwa faksi, na leo kwa makundi ya WhatsApp. Kwa hiyo ugonjwa wa kazi ya mbali tunaujua kabla ya tiba yake: makao makuu yana takwimu, tawi lina mzigo, na ruhusa hubaki kule kwenye takwimu.

Chukulieni ghala la nafaka pale Makambako wakati wa msimu. Lori limeingia getini na magunia ya mahindi. Karani wa mapokezi anachoma bambo, kile chuma chenye ncha cha kutolea sampuli, kwenye gunia la kwanza, punje zinateremka kiganjani mwake, anazitazama kama zimetobolewa na wadudu, anazinusa, kisha anarudia kwenye magunia mengine ya juu, ya katikati na ya chini, kwa sababu muuzaji mjanja hupanga mahindi makavu pembeni na mabichi katikati. Sampuli inachanganywa na kuwekwa kwenye kipima unyevu. Kiwango cha Afrika Mashariki hakiruhusu unyevu wa mahindi kuzidi asilimia 13.5, na kipimo kinasoma 14.2. Karani anampigia ofisa ununuzi, ambaye siku hiyo anafanya kazi akiwa nyumbani kwake Dar es Salaam. Ofisa anaomba picha. Karani anatuma picha ya mahindi meupe, mazuri kabisa kwa macho, maana unyevu hauonekani kwenye picha, na sumukuvu, ile sumu ya ukungu wa nafaka, ndiyo kabisa. Ofisa naye anasema ngoja amuulize mkuu wake, na mkuu yuko kwenye kikao cha mtandaoni. Makuli wamekaa kivulini, dereva na utingo wake wanaanza kudai posho ya kulala, na wingu linajikusanya upande wa milimani.

Katika mfano huu mtandao haukukatika wala simu haikuisha chaji. Kilichokosekana ni karatasi moja iliyopaswa kuandikwa kabla ya msimu kuanza, inayomwambia karani kwamba mahindi ya unyevu fulani ayapokee, yakizidi kidogo ayaanike kwa gharama ya muuzaji, na yakipita hapo ayarudishe bila kumuuliza mtu. Ofisa akiondoka ofisini bila kuacha mamlaka hayo getini, atakuwa amewahamishia wenzake kero ya umbali, yeye akafaidi starehe yake. Wazee wa maghala husema fimbo ya mbali haiui nyoka, na wakubwa wengi huutumia msemo huo kuwazuia vijana wasifanye kazi wakiwa nyumbani. Nawaomba wakubwa hao waendelee mbele hatua moja: kama fimbo ya mbali haiui, basi apewe fimbo aliye karibu.

Zipo kazi zetu nyingi ambazo zimekwisha kuachana na jengo la ofisi, na tusijifanye hatuzioni. Tangu mfumo wa ununuzi wa umma wa NeST uanze kutumika mwaka 2023, mzabuni wa Tukuyu anaweza kuomba zabuni ya halmashauri akiwa dukani kwake, bila kupanda basi na bahasha iliyofungwa kwa lakiri. Pale Tunduma na Nakonde, mpakani mwetu na Zambia, kituo cha pamoja cha forodha kilizinduliwa mwaka 2019, na wakala wa forodha anaweza kuingiza nyaraka za shehena kwenye mfumo akiwa Mbeya au Vwawa kabla lori halijaukaribia mpaka. Shehena za Zambia na Kongo zinazopita kwa kufuli la kielektroniki hufuatiliwa kwenye kioo cha kompyuta, na anayefuatilia haulizwi amekaa wapi. Kukadiria mahitaji, kulinganisha bei na kuandaa ratiba ya magari ni kazi zinazotaka utulivu, na ofisi zetu za wazi, ambamo kila anayepita huuliza mzigo wake umefika wapi, zimezinyima utulivu huo kwa muda mrefu.

Hata hivyo, kazi hizo nazo zina mahali zinapogusa ardhi. Chukueni suala la mizani. Kwa sheria ya Jumuiya ya Afrika Mashariki ya mwaka 2016 ya kudhibiti uzito wa magari, uzito wa juu kabisa wa lori na mzigo wake ni tani 56, na kila kundi la ekseli, yaani mihimili ya magurudumu, lina ukomo wake. Mpanga ratiba aliye nyumbani anajumlisha magunia, anaona jumla iko chini ya ukomo, anaridhika. Lori linafika mizani ya Mpemba, karibu na Tunduma, na kukamatwa, kwa sababu makuli walirundika mzigo nyuma na ekseli za nyuma zimezidi ingawa jumla haijazidi. Kompyuta ilijua uzito wa mzigo, lakini mahali mzigo ulipolala palijulikana kwa aliyesimama kando ya lori. Hapo napo tiba ni ile ile: msimamizi wa upakiaji awe na haki ya kulizuia lori lisitoke, hata kama ratiba ya aliye mbali inasema saa imefika.

Jambo la pili linanitia wasiwasi zaidi ya ucheleweshaji. Misingi ya fani yetu inataka anayeagiza asiwe anayepokea, na anayepokea asiwe anayeidhinisha malipo, ndiyo maana hati ya agizo, hati ya kupokelea mzigo na ankara hulinganishwa kabla ya fedha kutoka. Kazi ya mbali inaweza kuuvunja msingi huo kimyakimya. Mtunza ghala hana kompyuta, au bando lake limekwisha, basi ofisa aliye nyumbani anaingia kwenye mfumo kwa namba ya siri ya mtunza ghala na kuandika kwamba mzigo umepokelewa, akikusudia tu kumsaidia mwenzake. Kwenye mfumo wanaonekana watu wawili, kumbe mkono ni mmoja. Mkaguzi akija mwakani hataona kasoro yoyote, na hapo ndipo hatari ilipo. Mwajiri asiyeweza kumnunulia mtunza ghala simu ya kazi na bando lake hajawa tayari kumruhusu ofisa wake kukaa nyumbani.

Kuhusu saa za kazi nitasema machache, kwa kuwa sheria iko wazi kuliko utekelezaji wake. Sheria ya Ajira na Mahusiano Kazini ya mwaka 2004 inaweka ukomo wa saa 45 za kawaida kwa wiki na saa 9 kwa siku, inataka saa za ziada zilipwe angalau mara moja na nusu, na kazi ya kati ya saa mbili usiku na saa kumi na mbili asubuhi iongezewe angalau asilimia 5. Malori hayalali, na dereva aliyekwama mlima Kitonga saa nane za usiku atampigia mpanga ratiba wake. Anayepokea simu hiyo akiwa kitandani yuko kazini. Iandikwe kwenye zamu, ilipwe.

Sasa niwageukie wanafunzi. Najua wengi wenu mnatamani ajira ya kampuni ya Dar es Salaam au ya nje, mkiifanya mkiwa hapa hapa Uyole au Mwanjelwa, ambako kodi ya chumba ni nafuu na mchele wa Kyela hauko mbali. Tamaa hiyo ni halali, na kwa mkoa wetu ni neema, kwa kuwa mshahara wa huko unatumika sokoni kwetu. Lakini miaka ya mwanzo ya kazi msiitumie yote mbele ya kompyuta. Ujuzi wa kutambua gunia la lumbesa, yaani lililojazwa kupita kipimo, lililoshonwa upya, au wa kujua kwamba kontena la ubaridi la parachichi lililosimama juani huku mtambo umezimwa limeshapoteza siku kadhaa za maisha ya tunda, haufundishwi kwenye kikao cha mtandaoni. Huupata kwa kusimama kando ya mtu anayeujua, na mtu huyo kwa kawaida hana barua pepe. Mkishaupata, mtaweza kuamua mkiwa mbali, kwa kuwa mtajua ni swali gani la kumuuliza aliye karibu.

Namalizia kwa suala la ratiba. Kampuni nyingi zinazoiga kazi mseto huigawa kwa wiki: siku tatu ofisini, mbili nyumbani. Kwa benki huenda inafaa. Kwa ugavi wa mazao ya huku ni mgawo usio na maana, kwa sababu mahindi hayajui Ijumaa. Kalenda yetu ni ya msimu. Mvua za huku huanza karibu na Novemba na kuendelea hadi Aprili, mahindi huvunwa baada ya hapo, na hesabu ya mali ya serikali hufungwa Juni 30, wakati ambao maghala yanajiandaa kupokea mavuno mapya. Mkataba wa ofisa ununuzi wa nafaka useme kwamba tangu ununuzi unapofunguliwa hadi ghala linapofungwa yuko kituoni kila siku, na kwamba katika miezi ya mvua anafanya kazi akiwa nyumbani, akiingia ghalani siku za kuhesabu mali na za kukagua wadudu tu. Mwenzake wa mbolea kalenda yake ni kinyume, maana mbolea ya kupandia lazima iwe imefika kwa mawakala wa vijijini kabla ya mvua ya kwanza, hivyo yeye atahitajika kituoni kuanzia Septemba hadi Desemba. Wakiwa katika kampuni moja, wawili hao kwa sehemu kubwa ya mwaka wanaweza kupokezana meza moja, na kodi ya ofisi ya pili ikanunua kipima unyevu cha ziada.