Sewanee na Pesa za Mlangoni

Wakubwa wangu shikamooni, na vijana wangu habari za jioni. Mwenyekiti amenipa nusu saa, na kwa kuwa ananifahamu, saa yake ameivua na kuiweka mezani mbele yangu. Basi niingie kwenye mada.

Nazungumzia futiboli ya Kimarekani, ule mpira wenye umbo la yai unaobebwa mikononi kuliko unavyopigwa teke. Chuo chenyewe kiko juu ya mlima huko Tennessee. Jina lake rasmi ni University of the South, lakini watu wote hukiita Sewanee, kwa jina la mji wake. Kilianzishwa mwaka 1857 na maaskofu wa Kanisa la Episkopali. Mmoja wao, Leonidas Polk, alivua joho akavaa magwanda ya jenerali wa majimbo ya Kusini yaliyopigania utumwa, akauawa vitani mwaka 1864. Nayasema haya mapema ili tusije tukalewa sifa. Vijana nitakaowasifu walikuwa wazungu watupu, na yule mtu mweusi aliyekuwa kwenye msafara wao, Cal Burrows, kazi yake ilikuwa kuwachua misuli.

Timu ilianza mwaka 1891. Miaka minane baadaye, 1899, ilicheza mechi kumi na mbili, ikashinda zote kumi na mbili. Ilifunga pointi 322, ikafungwa 10. Mashabiki wa chuo hicho hupenda kuishia hapo. Mimi nataka kuwauliza jambo la kikarani: nauli ilitoka wapi?

Meneja wa timu alikuwa mwanafunzi wa miaka ishirini, Luke Lea. Kila mwaka Sewanee walikuwa wakicheza na jirani yao Vanderbilt wa Nashville, na mechi ile ndiyo iliyokuwa ikijaza mfuko. Mwaka ule hawakucheza, kwa sababu vyuo hivyo viwili viligombana kuhusu mgawo wa viingilio. Pengo hilo lilitakiwa kuzibwa. Lea akaandikia vyuo vya Texas, Louisiana na Mississippi, akapanga mechi zikiwa zimebanana, ili safari moja ya treni ilipiwe na milango mitano. Kwa hiyo ratiba inayosifiwa hadi leo kama ushujaa ilizaliwa kwenye daftari la hesabu.

Sikilizeni safari yenyewe. Alhamisi tarehe 9 Novemba wako Austin, wanaifunga Texas 12–0. Usiku wanapanda behewa. Ijumaa wako Houston, Texas A&M inakufa 10–0. Treni tena usiku kucha, na Jumamosi New Orleans, Tulane 23–0. Jumapili hawakucheza, hiki ni chuo cha maaskofu, jamani. Jumatatu Baton Rouge, chuo cha jimbo la Louisiana, LSU, 34–0. Jumanne Memphis, Ole Miss, yaani Chuo Kikuu cha Mississippi, 12–0. Mechi tano ndani ya siku sita, pointi 91 kwa sifuri, na reli ya takriban kilomita 4,000 kwenda na kurudi.

Husimuliwa kwamba walibeba mapipa ya maji kutoka kwao mlimani, wasije wakaumwa matumbo ugenini, na kwamba mfuko wa viatu ulisahaulika stesheni siku ya kuondoka, Lea akahangaika kupiga simu za maandishi hadi ukawafuata. Sitaapa juu ya kila neno la masimulizi haya, ila yanamfanana Lea.

Mtu atauliza, waliwezaje? Kanuni za enzi hizo ziliwabeba wadogo. Pasi ya kurusha mbele ilikuwa haramu hadi 1906. Tachidauni, yaani kuufikisha mpira nyuma ya mstari wa mwisho wa wapinzani, ilihesabiwa pointi 5. Mchezaji akitoka hakuruhusiwa kurudi, kwa hiyo chuo chenye wanafunzi elfu hakikuwa na faida kubwa mbele ya chuo chenye mia chache: kila upande ulihitaji wanaume kumi na mmoja wagumu, na wachache wa akiba. Kilichobaki kilikuwa kusukumana na kukanyagana. Ormond Simkins, aliyekuwa nguzo ya timu ile, baadaye alikatwa miguu, na waliomjua walisema chanzo ni majeraha ya uwanjani. Hilo huwa halichapishwi kwenye fulana za kumbukumbu.

Zile pointi 10 walizofungwa zilitoka mechi moja, dhidi ya Auburn ya kocha John Heisman, tarehe 30 Novemba huko Montgomery. Sewanee walishinda 11–10, kwa tundu la sindano.

Na Lea? Mwaka 1911 alikuwa seneta. Januari 1919, akiwa kanali wa jeshi la Marekani, aliongoza wenzake wachache hadi kasri la Amerongen, Uholanzi, wakitaka kumteka Kaisari Wilhelm wa Pili wa Ujerumani. Walirudi mikono mitupu na jeshi likamkaripia. Katika miaka ya 1930 akafungwa jela kwa makosa ya kibenki. Kupanga mechi tano kwa siku sita ilikuwa mazoezi tu kwa mtu huyu.

Sasa upande wa pili. Mwishoni mwa 1932 vyuo kumi na vitatu vya Kusini viliunda muungano wa michezo wa SEC (Southeastern Conference), na Sewanee akiwamo. Kati ya wenzake, saba walikuwa wale wale aliowafunga mwaka 1899, wakiwamo Georgia, Tennessee na LSU. Lakini wengi wao walikuwa vyuo vya majimbo, na sasa walikuwa na viwanja vikubwa, makocha wa mishahara minono na ufadhili kwa wachezaji. Sewanee alicheza mechi 37 za muungano huo. Alipoteza zote 37. Mwaka 1940 akajitoa, na chini ya mkuu wake Alexander Guerry chuo kikaacha kuwalipia wanafunzi ada kwa sababu ya misuli.

Wapo wanaosema ni aibu. Mimi sioni. Walioingia treni kwa ajili ya viingilio mwaka 1899 walikuwa wameusaidia mchezo kuwa biashara, na biashara ilipokua ikawapita kimo. Guerry alisoma hesabu zile zile alizosoma Lea, akapata jibu jingine.

Timu haikufa. Chini ya kocha Shirley Majors, aliyeanza 1957, ilimaliza misimu ya 1958 na 1963 bila kupoteza hata mechi moja, safari hii ikicheza na vyuo vya saizi yake. Leo ipo daraja la tatu la vyuo, ambako hakuna ufadhili wa michezo, na bado inachezea uwanja ule ule wa 1891.

Mwenyekiti ameshika saa yake. Karibuni kwa maswali.