Mlembe Hamwongozi Asiyeitika

Wazee wangu shikamooni. Vijana mliojazana mlangoni, sogeeni ndani, viti vipo. Mnaonijua hapa Tanga mnajua nitaanza na mlembe, yule ndege anayeongoza watu kwenye asali. Naam, naanza naye.

Tunaambiwa wanyama hulia kwa silika tu, mwenye maana ni mtu. Haya. Huko Niassa, kaskazini mwa Msumbiji, mrina asali wa Kiyao akiingia porini huguna "brrr-hm!" Mlembe akisikia huja, akalialia mbele yake mti kwa mti mpaka penye nyuki. Mtu ana moshi na shoka, ndege anataka nta. Mtafiti wa ndege Claire Spottiswoode na wenzake walilipima jambo hili na kulichapisha mwaka 2016: kwa sauti nyinginezo, warinaji waliongozwa asilimia 33 ya safari, kwa mguno wa Kiyao, asilimia 66.

Najua mtasema kafunzwa huyo. Kafunzwa na nani? Mama yake hutaga katika viota vya ndege wengine, akaondoka zake. Kinda huwaua watoto wa mwenye kiota kwa ncha ya mdomo, kisha hulelewa na walezi wasiojua nta wala mrinaji!

Tuje nyumbani. Wahadzabe wa Ziwa Eyasi hawaguni, hupiga mluzi. Mlembe wa kwao huitikia zaidi mluzi, wa Niassa huitikia zaidi mguno. Kila upande una mapatano yake, kama dereva wa daladala ya Pongwe na konda wake anayegonga bodi. Hata ujira ni mbalimbali. Wayao humwekea masega yenye nta juu ya majani. Wahadzabe mara nyingine huyachoma au kuyafukia, ndege abaki na njaa, aendelee kuongoza. Msinitazame hivyo, sikuwatuma mimi.

Ninalolipigia kelele miaka yote ni hili: ukimchunguza mlembe peke yake, ishara hujaiona. Nusu yake iko kwa anayeitikia. Kuna sehemu za Afrika ambako watu waliacha kurina wakanunua sukari dukani, na ndege naye akaacha kuongoza.

Tumbili nao, haraka haraka, maana kwao pia ishara huonekana kwa anayeitikia. Amboseli, Kenya: watafiti Seyfarth, Cheney na Marler, 1980, waliwachezea tumbili milio yao wenyewe iliyorekodiwa. Mlio wa chui, wakakimbilia mitini. Wa tai, wakatazama juu. Wa nyoka, wakakagua nyasi. Chui hakuwepo, tai wala nyoka. Kilichokuwepo ni spika.

Nyuki na ngoma yao ya kuelekezana chakula nawaacha, muda umeliwa na mlembe kama kawaida. Mzee wa nyuma, umenyoosha mkono tangu tulipokuwa kwenye nta. Karibu.