Ufunguo Shingoni, na Dakika za Kumfikia Mtoto

Wazazi, walezi na walimu wenzangu, shikamooni wakubwa. Vijana, habari za jioni.

Nimeombwa niseme juu ya watoto wanaobaki peke yao nyumbani wakati wazazi wako kazini. Kwanza naomba tuelewane: hapa hatumsuti mtu. Aliyemwacha mtoto akaenda kutafuta riziki hajamtupa. Nimefundisha madarasa ya chini kwa miaka mingi, na wazazi niliowaona wakilia kwa sababu ya jambo hili ni walewale wasio na njia nyingine. Mwenye njia nyingine leo yuko kwake, amejipumzisha. (Kicheko.)

Shule hufunga mchana, kazi hufunga jioni. Katikati hapo pana saa tatu, nne, pengine tano, zisizo na mwenyewe. Waliopanga ratiba ya shule na waliopanga ratiba ya kazi hawakuwahi kukaa meza moja, na anayelipia kutokuonana kwao ni mtoto wa miaka minane aliyesimama mlangoni na begi mgongoni.

Wala si jambo la leo. Wakati wa Vita Kuu ya Pili, huko Marekani, baba alikuwa vitani na mama kiwandani, mtoto akavaa ufunguo wa nyumba kwenye kamba shingoni. Wakaitwa watoto wa ufunguo. Wajerumani wana jina lenye maana hiyohiyo, Wajapani vilevile. Kuanzia mwaka 1943 serikali ya Marekani iligharimia vituo vya kulelea watoto wa akina mama waliokuwa wakifanya kazi za vita, kwa sababu ilionekana wazi kwamba mama anayemwaza mtoto hawezi kuunda ndege vizuri. Vita vikaisha, na mwaka 1946 fedha hizo zikakatwa. Akina mama wengi waliendelea kufanya kazi, na watoto waliendelea kurudi nyumba tupu. Mimi hilo huwa linanikera: tuliweza tulipotaka ndege.

Sasa, swali ninaloulizwa kila mahali: "Mwalimu, mtoto aachwe peke yake akiwa na miaka mingapi?"

Waliojaribu kulijibu kwa sheria hawakubaliani. Uingereza sheria haitaji umri wowote. Inachokataza ni kumwacha mtoto mahali penye hatari kwake, ingawa shirika la kutetea watoto la huko, NSPCC, linasema aliye chini ya miaka 12 ni nadra kuwa amekomaa vya kutosha kuachwa kwa muda mrefu. Jimbo la Maryland, Marekani, limeweka mpaka: aliye chini ya miaka 8 haachwi bila mwangalizi. Nani ana haki? Sijui kama swali lenyewe limeulizwa vizuri. Nimemjua mtoto wa miaka tisa ambaye ningemwachia nyumba yangu, na nimemjua wa kumi na nne ambaye nisingemwachia hata kiberiti.

Mimi huuliza hivi: mambo yakiharibika, mtu mzima atamfikia mtoto huyo baada ya dakika ngapi?

Sikusema mzazi. Nimesema mtu mzima. Jirani aliyepo, anayejua kwamba yupo kwa kazi hiyo, aliyekubali kwa mdomo wake, na mtoto anamjua kwa sura na kwa sauti. Mtoto wa miaka kumi aliye na mtu wa namna hiyo nyumba ya pili, mimi simhesabu kuwa yuko peke yake. Mwenye miaka kumi na tatu ambaye mama yake yuko saa mbili mbali, simu imezimwa kwa amri ya msimamizi, na majirani hawajulikani, huyo yuko peke yake kwelikweli. Aliyeungua anatakiwa apoze kidonda kwa maji baridi yanayotiririka, dakika 20, wala si mafuta wala dawa ya meno. Mtoto aliyefundishwa anaweza kuanza mwenyewe. Lakini kubaki hapo dakika zote 20, huku kinauma, bila mtu wa kumwambia "bado kidogo", hilo ni gumu hata kwako wewe uliyekaa hapo.

Nije kwa jambo ambalo watu hawapendi nilitaje. Mara nyingi mtoto hayuko peke yake. Yupo na wadogo zake. Hapo tunasema, "Ah, dada yake yupo." Dada yake ana miaka tisa! UNICEF wanapopima malezi ya watoto walio chini ya miaka mitano, mtoto aliyeachwa na mwangalizi wa chini ya miaka kumi kwa zaidi ya saa moja wanamweka fungu moja na yule aliyeachwa peke yake kabisa. Maryland nao, anayemwangalia mdogo lazima awe ametimiza miaka 13. Kwa hiyo kifungua mimba wako, machoni mwa wapimaji, hayupo. Lakini yeye anajiona yupo, tena sana. Anaruka michezo, anachelewa kazi za shule, akisikia mdogo amekohoa moyo unamwenda mbio. Darasani niliwatambua hawa: watulivu mno, wanakunja uso kama watu wazima, na kengele ya mwisho ikilia wanakimbia. Tukiwasifu "huyu amekomaa", tunasifu uchovu. Mtoto anayejiangalia mwenyewe ana jukumu moja. Anayewaangalia wengine ana kazi, na kazi hiyo haina likizo.

Kuhusu hatari za ndani sitakaa sana, mnazijua: moto, maji yaliyowekwa kwenye ndoo au pipa, dawa, umeme, sumu iliyotiwa kwenye chupa ya kinywaji. Hiyo ya mwisho iacheni leo hii, nawaombeni. Mtoto hasomi kibandiko, anaitambua chupa.

Ila kuna hatari moja haipo kwenye orodha yoyote ya jikoni, nayo ni mtoto kumwogopa mzazi. Mtoto anayejua kwamba akivunja kitu atachapwa, pazia likishika moto hatapiga simu. Atajaribu kuuzima mwenyewe kwanza, ili usijue. Dakika zile ndizo zilizokuwa za kumwokoa. Ndiyo maana nawaambia wazazi waweke ahadi, na waitamke mbele ya mtoto: "Ukinipigia simu kwa jambo lolote, sitakugombeza siku hiyo." Na muitimize. Siku atakapokupigia kwa sababu kalamu imepotea, wewe uko katikati ya kikao, usifoke. Anajaribu kama simu hiyo inafanya kazi.

Na msimwachie ufunguo siku moja tu ghafla. Anza ukiwa ndani, yeye afungue, afunge, ajipakulie, wewe usiseme neno. Kisha simama nje robo saa. Kisha nenda kwa jirani, urudi mapema kuliko ulivyoahidi, kamwe usichelewe katika siku hizo za mwanzo. Mpige simu ujifanye mgeni anayemuuliza mama yuko wapi, usikie atakujibuje. Wengi hujibu ukweli mtupu: "Mama hayupo, niko peke yangu." (Kicheko.) Mnacheka, lakini jaribuni leo jioni. Afundishwe kusema mama ana shughuli, acha ujumbe. Kama mpango wako wote unategemea mtoto asisahau kitu hata kimoja, huo si mpango.

Niliambiwa nusu saa na imeisha. Tuje kwenye maswali, tuanze na mama yule wa nyuma, ambaye mkono wake uko juu tangu nilipomtaja kifungua mimba.