Kitwitwi wa Tudor na kisima cha Yakutsk

Asalaam aleikum, na karibuni. Leo asubuhi, maji yamepwa, nilishuka Tudor, hapa Mombasa, kuwatazama ndege, vitwitwi. Mmoja mdomo wake umepinda chini kidogo. Anadunga tope, anavuta mnyoo, anameza, anadunga tena. Huyo si mzaliwa wa hapa. Kwao ni Siberia, Urusi, kwenye tundra, nchi ambayo miti yake mingi hainifiki magotini.

Mvua na theluji ya tundra, ukizijumlisha mwaka mzima, mara nyingi hazifiki milimita 250. Kwetu Mei peke yake huweza kupita hapo. Lakini kiangazi kikija, tundra yote ni madimbwi. Yametoka wapi?

Mwaka 1828, katika mji wa Yakutsk hukohuko Siberia, bwana mmoja Fyodor Shergin alianza kuchimbisha kisima. Huku kwetu ukichimba matumbawe, maji utayaona, hata yakiwa ya chumvi. Watu wa Shergin walichimba mpaka 1837, wakafika mita 116, yaani minazi minne mitano iliyopandana, na udongo bado umeganda kwa baridi. Na Yakutsk si tundra hata. Ni kusini zaidi, kwenye msitu wa taiga, ambako miti hutandaza mizizi juujuu kwa sababu chini hakupenyeki.

Basi kwenye tundra maji ya theluji iliyoyeyuka hayana pa kushukia. Hubaki juu, mbu wakazaliana mawingu kwa mawingu, na jua halitui wiki kadhaa. Kwa kifaranga cha kitwitwi hiyo ni karamu. Baba yake (samahani, akina baba) huondoka mapema, mama akiwa bado anaatamia. Kisha mama naye hutangulia kusini. Makinda hufuata wenyewe, hakuna wa kuwaonyesha njia.

Wakisalimika na mbweha, lakini. Tundra kuna panya wanene wenye mkia mfupi, lemingi. Mwaka wakiwa tele, mbweha hula hao. Mwaka wakiadimika, hugeukia mayai na vifaranga. Ndiyo maana wanaohesabu ndege pwani za Afrika huwatafuta makinda: wakiwa wachache, huenda lemingi walikuwa haba kule.

Kinda utamjua kwa mgongo, manyoya yana kingo nyeupe kama magamba ya samaki. Wa leo asubuhi alikuwa nazo. Nikaanza kuwahesabu wenzake, maji yakajaa.