Ukumbusho: Sammy Baloji na shaba ya Katanga

Karibuni wadogo zangu, sogeeni mbele jamani, hizi picha zinataka jicho la karibu.

Leo namuongelea Sammy Baloji, mtoto wa Lubumbashi, mji wa migodi ya shaba huko Katanga, kusini mwa Kongo, kazaliwa 1978. Anapiga picha, anatengeneza video, anachora mpaka kwenye shaba yenyewe, hakai sehemu moja. Na Lubumbashi ni Waswahili wenzetu, Kiswahili chao kina ladha yake tu, shaba kwao ni mukuba.

Haya angalieni hii, ni ya 2006, kwenye mfululizo wake unaoitwa Mémoire. Huko nyuma ni picha ya rangi, kapiga mwenyewe kwenye maeneo ya migodi, mitambo imeliwa na kutu, hakuna mtu. Hawa waliosimama mbele ni wafanyakazi wa enzi za Mbelgiji, kawatoa kwenye picha za zamani za kampuni, kawakata, kawabandika. Sasa mtazame miguu yao. Kijivu chao hakikubaliani kabisa na ile ardhi ya kahawia, mkasi unauona, na hakutaka kuuficha. Mimi nikifika hapo kwenye miguu huwa nanyamaza. Wanatuangalia wima, kama wameitwa warudi kazini wakakuta geti limefungwa.

Kampuni yenyewe ni Union Minière, ya Wabelgiji, ya kuchimba shaba, ilianzishwa 1906, serikali ikaitaifisha 1967, baadaye ndo ikawa Gécamines. Ilikupa nyumba, posho, hospitali, shule ya watoto, watu wakaiona kama mzazi. Lakini Desemba 1941 wafanyakazi waligoma wakitaka nyongeza ya mshahara, wakapigwa risasi na askari wa koloni kwenye uwanja wa mpira, pale pale mjini. Miaka ya 1980 bado ilikuwa inatoa zaidi ya tani 400,000 za shaba kwa mwaka, halafu miaka ya 1990 ikaporomoka, na mtu aliyeitegemea kampuni kwa kila kitu, mpaka unga, akabaki anaangalia bomba la moshi lisilotoa moshi.

Sasa nisikilizeni hapa, ndo nilichokuja kusema. Wachoraji wa Lubumbashi miaka ya 1970, kina Tshibumba Kanda Matulu, walichora historia kwenye vitambaa vya magunia ya unga, watu wakanunua wakatundika sebuleni, na picha za aina hiyo waliziita ukumbusho. Sio kumbukumbu! Kumbukumbu unayo wewe, unaweza ukaifungia kabatini. Ukumbusho uko nje yako, unakushika bega hata kama hutaki. Tshibumba alichora zaidi ya picha 100 za historia ya nchi yake, na akazieleza kwa Kiswahili, moja baada ya nyingine. Kwangu mimi Baloji ni mjukuu wa ile sebule, ingawa wengi wanaoandika habari zake wanaanzia Ulaya, na hilo linaniuma.

Hata kituo cha sanaa alichoanzisha na wenzake pale mjini kinaitwa Picha, neno letu hilihili, na maonyesho yao makubwa yalianza 2008.

Aliye karibu na swichi atuzimie taa. Hii video ni ya 2017, mko kiwandani, shaba inavutwa iwe nyaya na kwaya inaimba juu yake. Msiongee kwanza, angalieni mikono.