Watu wazima wa Paris na katuni zao

Habari zenu wapendwa wa nyumbani, mlioko Dar, Mombasa, Goma, Bujumbura, popote mnaponitazama. Leo niko boulevard Poissonnière, hapa Paris, na hili jengo nyuma yangu ni ukumbi wa sinema wa Le Grand Rex. Lilifunguliwa mwaka 1932, na ukumbi wake mkubwa una viti kama 2,700. Ngoja niwageuzie kamera muione foleni. Watoto wapo, ndiyo, lakini muoneni yule baba wa suti, wale wanachuo, yule bibi na rafiki yake. Wote wanaingia kuangalia katuni ya kuchekesha.

Kwetu mtu mzima akisema anakwenda kuangalia katuni, ataulizwa mtoto yuko wapi. Hapa haulizwi. Mtaniambia ni unafuu wa bei, maana watoto wanakatiwa tiketi ya bei ya chini. Sawa, hilo linazisaidia familia. Lakini wale wanachuo si watoto, na hawajaja na mtoto yeyote.

Mimi naona siri iko kwenye lugha. Filamu ya vichekesho ya Kifaransa yenye waigizaji wa kawaida ina utani wa mtaani, majina ya wanasiasa, matangazo ya televisheni ya zamani. Mgeni anauona ukumbi unacheka, yeye hajui kimesemwa nini, na hiyo ni hali ya upweke kweli. Kwenye katuni mhusika anateleza, macho yanamtoka, anajikaza kama hajaumia, basi wote wanacheka papo hapo: Mchina wa Belleville, Mmali wa Montreuil na Mfaransa aliyezaliwa mtaa huu huu. Katika jiji lenye watu wa kila pembe ya dunia, kucheka pamoja namna hiyo ni jambo kubwa.

Chukueni wale viumbe vya njano, Minions. Kampuni yao, Illumination, ni ya Marekani, lakini studio inayowachora iko hapa hapa Paris. Anayewatolea sauti ni Pierre Coffin, ambaye pia ni mmoja wa waongozaji wa filamu hizo. Ni Mfaransa, na mama yake ni Nh. Dini, mwandishi mashuhuri wa riwaya wa Indonesia. Maneno yao ameyaokota Kihispania, Kitaliano, Kifaransa, hadi «terima kasih», ile asante ya Kiindonesia. Filamu yao ya 2015 iliingiza zaidi ya dola bilioni 1.1 duniani, na wahusika wakuu wanaongea lugha isiyokuwa ya mtu yeyote!

Halafu kuna suala la sauti. Gru, bosi wao, kwa Kiingereza ni Steve Carell. Huku Ufaransa ni Gad Elmaleh, mchekeshaji mzaliwa wa Casablanca. Filamu ya watu halisi ikiwekwa sauti nyingine, mdomo unakwenda huku, maneno kule, inakera. Mdomo wa katuni umechorwa, kwa hiyo sauti mpya inakaa vizuri, na mtafsiri ana nafasi ya kuweka utani wa watu wake.

Na sisi kipaji hicho tunacho. Nani amemsahau Lufufu, aliyetafsiri filamu kwa sauti yake kwenye vibanda umiza, zile kumbi ndogo za video za Tanzania? Na DJ Afro kule Kenya? Picha ya Kichina, watu wanacheka kwa Kiswahili! Natamani sana watu wa aina hiyo wapewe katuni hizi kubwa, waingie studio kwa mkataba na malipo ya haki, watoto wetu na wazazi wao wakae ukumbi mmoja.

Haya, foleni inasogea. Mnaopanga kuja msimu wa Krismasi, kateni tiketi mapema mtandaoni, kwa sababu kabla ya filamu ya Disney hapa hurushwa maji ya rangi jukwaani, desturi ya tangu 1954. Na niandikieni hapo chini: Gru wa Kiswahili awe nani? King Majuto, yule mchekeshaji wa Tanzania, angekuwa hai, nisingeuliza.